Tulisubiri Istanbul kwa saa kumi na nusu, zetu zilikuwa nne tu: ziara ya miguu na mama yangu

#1 Mwana Chumbageni (mwanzisha uzi)

Wakuu, salama? Kuna watu wawili humu niliwaahidi kwamba nikifika nyumbani nitaandika. Naandika leo kabla mambo hayajaanza kunichanganyikia.

Tulikuwa tunarudi Dar kutoka Hamburg, mimi na mama. Alikwenda kumwona mjukuu. Tiketi tuliyoimudu ilikuwa ya kusubiri Istanbul, tunatua saa nne asubuhi na kuondoka saa mbili na nusu usiku. Mama ana miaka 67 na magoti yanamsumbua, lakini huwezi kumwambia kuna Ayasofya, msikiti uliokuwa kanisa, mji huu halafu ukamkalisha kwenye kiti cha uwanja wa ndege siku nzima. Nikalipia ziara ya saa nne ya kutembea kwa miguu, watu 11, mwongozaji mmoja anayesema Kiingereza. Viza tulishashughulikia kabla ya safari. Kila pasi ina masharti yake, kwa hiyo angalieni tovuti ya serikali ya Uturuki yenyewe, msitegemee neno la mtu wa humu, hata langu.

Kwanza hesabu ya muda, maana hapo ndipo wengi wanapokosea. Uwanja mpya uko kaskazini kabisa, upande wa Bahari Nyeusi, kama kilomita 40 kutoka mji wa kale. Kushuka, foleni ya pasi, kuacha mabegi: saa moja imekwisha. Njiani saa moja na robo. Kurudi hivyo hivyo, na uwe umefika mapema kabla ya ndege. Kwa hiyo kati ya saa kumi na nusu za tiketi, za kwetu zilikuwa kuanzia saa sita na robo mchana hadi saa kumi na nusu alasiri, basi. Kila dakika niliyoiandika hapa chini ipimeni kwa hizo.

Tulianzia uwanja wa Sultanahmet, ulipokuwa uwanja wa mashindano ya magari ya farasi enzi za Warumi. Mwongozaji, kijana wa miaka kama 30, alimsalimia kila mtu kwa "Merhaba". Alipofika kwa mama, mama akasimama kidogo akamwangalia, kisha akaniambia, "Huyu mtoto ameitikia kabla hajaniamkia." Nikamfasiria yule kijana: kwetu mdogo husema shikamoo, mkubwa ndiye husema marahaba. Alifurahi mno. Tangu hapo akawa kila akipata nafasi anamtupia mama neno: saat, kitap, kalem, sabun, dünya, haber. Mama anamrudishia: saa, kitabu, kalamu, sabuni, dunia, habari. Wale wenzetu tisa kwenye kikundi wakaanza kumsubiri mama aseme. Sijawahi kumwona mama akiwa mgeni wa heshima mahali ambapo hajui mtu hata mmoja, na siku ile nilimwona.

Pale uwanjani kuna nguzo ya mawe ya Misri. Ilichongwa kwa amri ya Farao Thutmose III huko Karnak, na Kaisari Theodosius akaisimamisha Istanbul mwaka 390. Ina miaka karibu 3,500 na maandishi yake yanasomeka kama yamechongwa juzi. Chini yake kuna kitako cha marumaru chenye maandishi ya kujisifu kwa lugha mbili: Kilatini kinasema nguzo ilisimamishwa kwa siku 30, Kigiriki kinasema siku 32. Lakini kilichonishika zaidi ni kwamba kitako kiko ndani ya shimo. Mwongozaji alituambia tuangalie chini: ardhi ya zamani ndiyo ile ya shimoni, mji umejaa juu yake kidogo kidogo kwa karne nyingi. Hilo ningelipita hivi hivi kama ningekuwa peke yangu na simu.

Saa saba na dakika tano ikaadhiniwa adhuhuri, tukawa mlangoni mwa Ayasofya.

Hapa inabidi nieleze vizuri. Tangu Januari 2024 mgeni anayekwenda kutazama hulipa euro 25, na hupelekwa ghorofa ya juu kwa mlango wake. Anayekwenda kuswali huingia chini, bure. Mimi na mama tuliingia chini, wenzetu wakapanda juu na mwongozaji. Nilikuwa nimesoma namba zote: kanisa lilijengwa kati ya 532 na 537 kwa amri ya Kaisari Justinian, baada ya la awali kuchomwa kwenye ghasia, kuba lina upana wa mita 31 hivi na kimo cha mita 55, kwenye shina lake kuna madirisha 40. Namba hazikunisaidia. Ukiingia, mwanga wa yale madirisha unalifanya kuba lionekane kama limeshikwa kutoka juu. Nilisahau kuvua miwani ya jua, nikakumbushwa na mzee mmoja kwa ishara ya kidole.

Mama aliswali sehemu ya wanawake. Alipotoka swali lake la kwanza halikuwa la kuba. Aliuliza: "Mbona safu zimekaa upande? Jengo linaelekea huku, watu wanaelekea huku." Sikuwa nimeona. Tulipokutana na mwongozaji nikamuuliza, akasema hakuna aliyewahi kumuuliza hilo bila yeye kulianza. Jengo lilikuwa kanisa, limeelekezwa kwenye macheo. Kibla cha Makka kutoka Istanbul kiko kusini zaidi ya hapo. Mji ulipochukuliwa na Sultan Mehmed II tarehe 29 Mei 1453 na kanisa kufanywa msikiti, mihrabu iliwekwa kando kidogo ya mstari wa katikati, na hadi leo safu zinalala mshazari ndani ya jengo lililonyooka. Tangu niambiwe hivyo, kila picha ya Ayasofya ninayoiona macho yanakwenda kwenye zulia.

Kutoka hapo tukashuka Yerebatan, birika la maji la chini ya ardhi, la enzi za Justinian huyo huyo. Nguzo 336 zimesimama majini gizani. Ni pazuri, pana ubaridi, mama alipumzika. Nusu saa inatosha.

Halafu ndipo palipoharibika. Kwenye ratiba niliyolipia, baada ya birika iliandikwa "kuonyeshwa ufumaji wa mazulia", na baada yake "kuvuka Bosphorus kwa kivuko, muda ukiruhusu", yaani ule mkono wa bahari unaotenganisha Ulaya na Asia. Tuliingizwa kwenye duka, tukakalishwa, tukaletewa chai ya tufaha, mazulia yakaanza kutandazwa mbele yetu moja baada ya jingine. Walioonyesha nia walichukuliwa vyumba vya ndani. Tuliobaki hatukuweza kuondoka kwa sababu kikundi ni kimoja. Nilitazama saa: dakika 50. Tukatoka tukashuka kwa tramu hadi Eminönü, tukapita Soko la Misri, na tulipofika gati la vivuko muda haukuruhusu. Mama alisimama ukutani akaviangalia vivuko vinavyoondoka kwenda Asia. Yeye ni mtoto wa Tanga, amekulia kwenye maji. Hakulalamika, lakini mimi iliniuma na inaniuma mpaka sasa, kwa sababu zile dakika 50 ndizo zilizokuwa kivuko, kwenda na kurudi.

Simtaji aliyeandaa ziara. Kijana mwenyewe alikuwa mwongozaji hodari na siku nzima alimshika mama mkono kwenye ngazi. Ila ukiona kwenye ratiba yoyote neno "kuonyeshwa ufumaji", au "muda ukiruhusu", uliza kabla hujalipa: ni dakika ngapi, na naweza kuliruka?

#2 Bint Mvita

Marahaba hiyo imenipendeza sana, mpe bi mkubwa salamu za Mombasa.

Naongeza kitu kwa sababu watu wa pwani tukifika Istanbul tunajiona tumefika ugenini kabisa. Waturuki walishafika kwetu. Mir Ali Bey, nahodha wa Kiosmani, alikuja pwani yetu miaka ya 1580 na miji mingi ikamkubali kwa sababu ilikuwa imechoka na Wareno. Safari ya pili alijenga ngome Mombasa, na mwaka 1589 akanaswa baina ya merikebu za Wareno baharini na Wazimba waliokuja kutoka bara. Wareno walipoona jinsi mji ulivyokaribia kuwaponyoka, wakaanza kujenga Fort Jesus mwaka 1593. Kwa hiyo ile ngome tunayopitia kila siku, nusu ya sababu yake ilitoka kwenye mji aliokwenda kuswali mama yako.

#3 Mzee wa Kota

Shukrani kwa uzi. Mimi nilitumikia jeshini muda mrefu, kwa hiyo nina neno langu.

Pale Ayasofya, ndani, kuna mbao kubwa za duara zenye majina: Allah, Mtume Muhammad, makhalifa wanne, na Hassan na Hussein. Upana wake mita saba na nusu. Aliyeziandika anaitwa Mustafa İzzet Efendi, karne ya 19. Hiyo "Efendi" ndiyo afande yetu. Wajerumani walipounda jeshi lao Tanganyika walichukua askari wengi wa Kisudani waliotoka jeshi la Misri, na jeshi la Misri lilikuwa na vyeo vya Kituruki. Ndiyo maana kwenye jeshi la Wajerumani kulikuwa na ombasha, shaushi, na juu kabisa kwa mtu mweusi, effendi. Onbaşı kwa Kituruki ni mkuu wa watu kumi. Wao efendi walimpa msomi, mwandishi, mtu wa heshima. Sisi imebaki ya polisi na jeshi. Hata korokoroni asili yake ni karakol, kituo cha walinzi.

Miaka 30 nimeitwa afande bila kujua neno limetoka wapi. Nililijua nikiwa nimesimama chini ya ile mbao, na sioni haya kusema kwamba nilisimama pale muda mrefu.

#4 Nyakato

Swali kwa mwanzisha uzi. Kwa nini ulipe mwongozaji? Hivyo vitu viko sehemu moja, unaweza kutembea mwenyewe na simu, na hakuna mtu wa kukupeleka dukani. Mimi nilifanya hivyo na niliona mengi kuliko wewe: Ayasofya, Msikiti wa Sultanahmet, birika, kasri la masultani la Topkapı kwa nje, Soko Kuu, mnara wa Galata.

#5 Mwana Chumbageni

Dada Nyakato, sikatai. Ungekuwa ni mimi peke yangu huenda ningefanya kama wewe. Lakini ningeiona nguzo na nisilione shimo. Ningeswali na nisijue kwa nini safu zimelala. Mji ule una tabaka juu ya tabaka, na mtu aliyeishi juu yake anajua aelekeze kidole wapi. Nilichonunua ni hicho kidole. Ulivyoorodhesha ni sita; nikikuuliza kimoja kimoja, kipi ulikaa?

#6 Nyakato

Umenishika kidogo hapo. Nilikaa Msikiti wa Sultanahmet tu, kwa sababu miguu iliuma. Nikaegemea mwisho wa msikiti nikaangalia vigae vya İznik vya buluu, wanasema ni zaidi ya 20,000. Kweli ndipo ninapopakumbuka. Galata nakumbuka foleni tu.

Lakini la dukani nalishikilia. Mwongozaji hupewa sehemu ya mauzo, na wewe ndiye unayelipa kwa muda wako.

#7 Mama Wawili

Mimi nitawatetea watu wa mazulia kidogo. Nilipelekwa pia, na mwanamke aliyekuwa anafuma alinionyesha fundo la Kituruki: uzi unazungushwa kwenye nyuzi mbili za mtande halafu unavutwa chini, tofauti na la Kiajemi ambalo linazunguka uzi mmoja. Bibi yangu alikuwa anasuka mikeka Pemba. Nilitazama vidole vya yule mwanamke nikamwona bibi. Sikununua kitu, na hawakunisumbua. Kwangu ile ilikuwa nusu saa nzuri kuliko birika.

Nadhani kosa ni kwamba hamkuulizwa.

#8 Mwana Chumbageni

Nakubali, dada. Kama kungekuwa na mfumaji na kitanda chake cha kufumia, mama angekaa mwenyewe bila kulazimishwa, yeye ni mtu wa ukili. Kwetu palikuwa na wauzaji tu. Na hilo neno lako la kutoulizwa ndilo hasa.

#9 Mwanafunzi Üsküdar

Habari za jioni wakubwa zangu. Mimi ni Mtanzania, nasoma hapa mwaka wa nne, nakaa upande wa Asia. Uzi huu umeniuma pale kwenye kivuko, kwa sababu kile kivuko ndicho ninachopanda kila siku.

Eminönü hadi Üsküdar ni kama dakika 20. Siyo chombo cha watalii, ni usafiri wa wananchi, unagonga kadi ya Istanbulkart kama kwenye tramu. Kaa nje, upande wa kulia ukielekea Üsküdar: utaiona Topkapı juu ya kilima, nyuma yake Ayasofya na minara sita ya Sultanahmet. Ukigeuka nyuma utaona msikiti wa Süleymaniye wa mjenzi Mimar Sinan juu ya mji. Sinan aliumaliza mwaka 1557, na wengi wanaokuja kwa saa nne huukosa kwa sababu uko nje ya njia ya vikundi. Chai inauzwa ndani, kwenye bilauri ndogo. Kwa mtu mwenye magoti mabovu hakuna ziara bora: mji wote unapita mbele yako na wewe umekaa.

Mengine ya haraka. Topkapı hufungwa Jumanne. Soko Kuu hufungwa Jumapili. Ijumaa mchana usiipange misikiti mikubwa kama hukwendi kuswali, utasimama nje. Metro kutoka uwanjani ipo tangu Januari 2023, inafika Gayrettepe, halafu unabadilisha. Inakuokoa na msongamano wa jioni ambao kwa basi unaweza kukuchelewesha vibaya. Kuanzia saa kumi na moja jioni barabara zinajaa. Mwanzisha uzi alifanya vyema kuondoka saa kumi na nusu.

#10 Kijana wa Kariakoo

Naongezea tahadhari moja. Karibu na Galata nilimwona mng'arisha viatu akipita mbele yangu, brashi yake ikaanguka. Nikaiokota nikamkimbilia, nilivyolelewa. Akashukuru sana, akasema lazima aning'arishie viatu kwa shukrani. Akamaliza, akataka pesa, nyingi, na akaanza kuniambia habari za mtoto mgonjwa. Nilitoa. Baadaye nikamwona kona nyingine, brashi ikianguka tena mbele ya mtu mwingine. Brashi ikianguka, mwiteni kwa sauti mumwonyeshe, kisha endeleeni na njia yenu.

#11 Shangazi wa Moshi

Mimi si Mwislamu, nililipa zile euro 25 nikapanda juu. Nawaambia wenzangu Wakristo msione hasara. Juu ndiko kuliko na picha za vijiwe, na ile ya Kristo katikati ya Bikira Maria na Yohana Mbatizaji, nusu ya chini imebomoka lakini nyuso zimebaki. Uso wa Yohana una huzuni ambayo sijaiona kwenye picha yoyote ya kanisani kwetu. Kwenye ukingo wa marumaru wa ghorofa hiyo hiyo kuna maandishi yaliyokwaruzwa na Mviking, jina lake Halvdan. Askari wa Ulaya ya kaskazini, amesimama kwenye ibada ndefu ya lugha asiyoijua, akakwaruza jina lake. Mwongozaji wetu alitupa dakika tano nzima pale bila kusema neno. Namshukuru kwa zile dakika.

Kuna pia jiwe lenye jina la Dandolo, mtawala wa Venice aliyewaleta wapiganaji wa msalaba, na mwaka 1204 wakaupora mji huu, Wakristo kwa Wakristo. Hilo sikufundishwa shuleni.

#12 Mwana Chumbageni

Shangazi, shikamoo. Umenifanya nitamani kurudi nipande juu.

Nimemsomea mama uzi wote leo baada ya chakula. Kwa Mzee wa Kota amesema, "Kumbe afande ni mwandishi." Kwa Bint Mvita ameitikia salamu. Kuna jambo la Soko la Misri nililisahau, amenikumbusha yeye. Soko lile ni la miaka ya 1660, limepewa jina hilo kwa sababu lilijengwa kwa mapato ya Misri. Tulipitia kwa haraka, lakini mama alisimama kwenye gunia la karafuu, akachukua moja akaivunja kwa ukucha, akainusa. Muuzaji akasema karanfil. Mama akasema karafuu. Neno moja, wote tumelipata kwa Waarabu. Akataka kujua zimetoka wapi, muuzaji hakujua. Mama akaziangalia ukubwa na rangi, akaniambia si za Pemba.

#13 Safari Njema 77

Wakuu, mimi napita Istanbul Jumanne ijayo, natua saa tatu asubuhi, naondoka saa tatu usiku. Niko na baba, anatembelea mkongojo. Nimeona ziara ya saa tano yenye Topkapı, birika, Soko Kuu na "chakula cha mchana kwenye karakana ya ngozi". Nilipe?

#14 Mwana Chumbageni

Usilipe hiyo. Jumanne Topkapı imefungwa, soma alichoandika mwanafunzi hapo juu, kwa hiyo mtasimamishwa getini mkaambiwa historia. Na chakula kwenye karakana ya ngozi ni duka la makoti.

Birika lina ngazi 52 za mawe kushuka, na zina unyevu. Kwa baba mwenye mkongojo, waulize mapema kama kuna njia nyingine ya kushuka, la sivyo liache. Tafuta mwongozaji wa watu wawili tu hata kama ni ghali kidogo, mwambie: uwanja wa nguzo, Ayasofya, halafu tramu hadi Eminönü, halafu kivuko. Kutoka Sultanahmet hadi gati njia ni ya kuteremka, lakini msitembee, pandeni tramu. Mkifika Üsküdar msishuke kwa haraka, ulizeni kivuko kinachorudi ni saa ngapi.

Mtapita Ayasofya ndani ya muda wa adhuhuri kama sisi. Mwambie baba aangalie zulia kabla ya kuangalia juu, kisha uniandikie hapa amesema nini.